Mume wangu anataka mkopo wa nyumba wa miaka 25. Nisaini?

Shikamoo Mama,

Mimi ni mwalimu wa sekondari hapa Dar es Salaam, na mume wangu ni mhasibu kwenye kampuni binafsi. Tuna watoto wawili, mkubwa ana miaka saba. Tumepanga Tabata kwa laki nne kwa mwezi, na mwenye nyumba anataka kodi ya miezi sita kwa mkupuo, hivyo kila nusu mwaka nyumbani kunakuwa na presha.

Tumepata nyumba ya vyumba vitatu Goba. Ina hati na inauzwa milioni 100. Akiba yetu ni milioni 20, na benki imekubali kutukopesha milioni 80 zilizobaki kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka. Afisa mikopo ametupa tuchague miaka 15, 20 au 25. Mume wangu amechagua 25 kwa sababu rejesho lake ndilo dogo kuliko yote, 1,087,000 kwa mwezi. Ana miaka 34, anasema atamaliza akiwa na 59, kabla ya kustaafu. Mishahara yetu wote wawili baada ya makato, pamoja na yale yangu ya Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu, ni 2,300,000.

Juzi nilichukua simu nikazidisha rejesho hilo kwa miezi 300. Ilikuja milioni 326. Nikarudia, ikaja ile ile. Nilipomwonyesha mume wangu alisema hesabu za namna hiyo ndizo zinazowafanya watu wazeeke kwenye nyumba za kupanga, kwamba pesa inayopotea ni ya kodi, riba angalau unabaki na nyumba. Kaka yake anaishi Houston, na amemwambia kule karibu kila mtu anachukua mkopo wa miaka 30.

Tuna pia kiwanja Kibaha kilichopimwa, leo tunaweza kukiuza milioni 15, lakini mume wangu hataki kiguswe kwa sababu viwanja vinapanda bei. Na mwalimu mwenzangu ananiambia SACCOS yao inakopesha kwa asilimia 10 tu, eti benki inatuibia.

Wiki ijayo natakiwa nikasaini na mimi. Sitaki nionekane mke anayerudisha familia nyuma, lakini tangu nione ile milioni 326 usingizi hauji. Nishauri, Mama.

Mwalimu, Tabata

*

Marahaba, mwanangu.

Umezidisha sawasawa. Ikiwa riba itabaki asilimia 16 miaka yote 25, kwa deni la milioni 80 mtakuwa mmelipa milioni 326, na hapo hatujahesabu milioni 20 zenu za kuanzia, bima wala ada. Ondoa kabisa hofu ya kuonekana unarudisha familia nyuma. Swali ulilouliza lilitakiwa kuulizwa na mmoja wenu kabla ya saini, na nashukuru umeliuliza wewe.

Chukueni karatasi mkae pamoja na mumeo. Ni mhasibu, ataelewa upesi kuliko wengi. Asilimia 16 kwa mwaka maana yake kila mwezi benki inatoza asilimia 1.33 ya deni lililobaki. Mwezi wa kwanza mnadaiwa milioni 80 kamili, kwa hiyo riba ya mwezi huo peke yake ni 1,066,667. Rejesho lenu, kwa ukamilifu wake, ni 1,087,111. Toa moja kwa nyingine, kinachobaki kupunguza deni ni shilingi 20,444. Mwezi wa pili deni limepungua kwa hiyo elfu ishirini, basi riba nayo inashuka kwa shilingi 270 na ushee, na mwendo unakuwa huo huo. Mwaka wa kwanza ukiisha mtakuwa mmepeleka benki zaidi ya milioni 13, na deni limepungua kwa 264,000 tu.

Sasa nenda mbele. Mkubwa wenu akifikisha miaka 19, umri wa kuingia chuo kikuu, mtakuwa mwaka wa 12 wa mkopo. Mtakuwa mmelipa milioni 156 na nusu. Mkiomba taarifa ya deni siku hiyo, itaonyesha bado mnadaiwa milioni 71. Hapo hakuna udanganyifu wa mtu yeyote, ndivyo riba kubwa inavyofanya kazi ikipewa muda mrefu: miaka yote ya mwanzo mnalipia riba, na deni la msingi, yaani pesa yenyewe mliyokopa, linaanza kupungua kwa kasi mkiwa mmeshachoka. Kama mngelazimika kuiuza nyumba mwaka ule wa 12 kwa sababu ya ugonjwa au kazi kuisha, sehemu kubwa ya bei ingekwenda benki.

Ndiyo maana neno la mumeo kuhusu kodi nalichukulia kwa uzito, ila silikubali lote. Kodi yenu ni milioni 4.8 kwa mwaka, na ni kweli hairudi. Riba ya mwaka wa kwanza ya mkopo huo ni karibu milioni 12.8, na yenyewe hairudi. Kinachowabakishia nyumba ni ile sehemu inayopunguza deni la msingi, na kwa miaka 25 sehemu hiyo mwaka wa kwanza ni 264,000. Sisemi mbaki kwenye kupanga. Nyumba yenu wenyewe ina thamani ambayo haiko kwenye hesabu hizi: hakuna wa kuwapandishia kodi, hakuna wa kuwahamisha watoto shule katikati ya muhula. Lakini utulivu huo unauzwa kwa bei tofauti kabisa kulingana na miaka mtakayoichagua.

Angalieni bei zenyewe. Kwa miaka 20 rejesho ni 1,113,000 na jumla ni milioni 267. Kwa miaka 15 rejesho ni 1,175,000 na jumla ni milioni 211 na nusu. Kati ya miaka 25 aliyoichagua mumeo na miaka 15, tofauti ya rejesho ni elfu 88 kwa mwezi. Tofauti ya jumla ni zaidi ya milioni 114. Mnaona ilipojificha? Afisa mikopo aliwapa rejesho la mwezi, na rejesho la mwezi kwa riba hii halitofautiani sana, kwa hiyo jicho linakwenda kwenye dogo bila kuona lililo nyuma yake.

Na sababu ya kutotofautiana ni ya kuishika vizuri. Riba ya mwezi ya milioni 80 ni 1,066,667. Hata benki ingewapa miaka 100, rejesho lisingeshuka chini ya hapo, kwani lingekuwa halilipi hata riba. Mkiwa na miaka 25 mmeshafika karibu kabisa na sakafu hiyo. Kila mwaka mnaouongeza unawapa nafuu kidogo sana ya mwezi na unawatoza mwaka mzima wa marejesho.

Hapo ndipo ushauri wa shemeji yako wa Houston unapoharibika njiani. Miaka hii ya karibuni mikopo ya nyumba ya miaka 30 kule Marekani imekuwa kwenye asilimia 6 hadi 7, na kwa kawaida riba ni ile ile tangu siku ya kwanza hadi ya mwisho. Kwa asilimia 6.5, mtu akitoka miaka 15 kwenda 30 rejesho lake linapungua kwa zaidi ya robo, na hiyo ni nafuu ya kweli. Kwenu, kutoka 15 kwenda 25 rejesho halipungui hata asilimia 8. Tena milioni 80 kwa asilimia 6.5 ikilipwa miaka 30 inafika kama milioni 182. Yenu inapita hapo hata mkilipa kwa miaka 15. Shemeji hajasema uongo, amesema la kwao.

Kwa hapa nyumbani, riba mliyopewa si ya ajabu. Taarifa za Benki Kuu kuhusu mikopo ya nyumba kwa miaka ya karibuni zimekuwa zikionyesha riba kati ya asilimia 15 na 19. Miaka mirefu ya kulipa nayo tunaipata kwa sababu mabenki yana mahali pa kuchukua fedha za muda mrefu, hasa kupitia TMRC, kampuni inayoyakopesha mabenki fedha za mikopo ya nyumba, iliyoanzishwa 2010. Hilo ni jambo jema, lakini kuwepo kwa miaka 25 kwenye fomu hakumlazimishi mtu aichukue yote.

Kuna watakaokwambia shilingi ya miaka 20 ijayo itakuwa nyepesi, hivyo usiihesabu kama ya leo. Wana hoja, na ni kweli mishahara yenu huenda ikapanda wakati rejesho limesimama pale pale. Ila mfumuko wa bei kwetu kwa miaka ya karibuni umekuwa kwenye asilimia 3 na kitu. Riba yenu ni 16. Pengo hilo ni pana mno kusubiri lizibwe na shilingi kushuka thamani.

Sasa SACCOS. Muulize mwalimu mwenzako swali moja: asilimia 10 ya nini? Benki yenu inatoza kwa riba inayopungua, yaani riba inahesabiwa kwenye deni lililobaki tu. Baadhi ya SACCOS na wakopeshaji wengine hutoza riba isiyopungua, ambayo watu huiita flati: inahesabiwa kwenye mkopo wote wa mwanzo, kila mwaka, hata ukiwa umebakiza kidogo. Milioni 80 kwa asilimia 10 ya flati kwa miaka 10 ni riba ya milioni 8 mara 10, ukijumlisha na mkopo wenyewe ni milioni 160, rejesho kama 1,333,000 kwa mwezi. Milioni 80 ya benki kwa asilimia 16 inayopungua kwa miaka 10 hiyo hiyo ina rejesho la 1,340,000. Tofauti ni elfu saba! Kama ya kwao ni flati, asilimia 10 yao na 16 ya benki zinakaribia kuwa kitu kimoja. Kama ni ya kupungua kweli, basi kimbilieni huko na mnishukuru baadaye. Mkopeshaji yeyote mwombeni jumla ya shilingi mtakazokuwa mmelipa hadi siku ya mwisho, kwa muda ule ule. Hapo asilimia hazitawachanganya.

Nikuambie ningefanya nini na kiwanja cha Kibaha. Ningekiuza. Najua linauma, na najua viwanja vinapanda. Lakini ili kiwanja hicho kishinde deni la asilimia 16, bei yake ipande asilimia 16 kila mwaka bila kupumzika, yaani kutoka milioni 15 za leo kipite milioni 130 ndani ya miaka 15. Inawezekana? Kwa baadhi ya maeneo imewahi kutokea. Kuiwekea familia dau juu yake, hapana.

Pesa ya kiwanja msiipeleke yote kwenye nyumba. Wekeni milioni 10 kwenye bei, mkope 70 badala ya 80, na milioni 5 zibaki kwa ada za mwanzo na dharura. Milioni 70 kwa miaka 15 ni rejesho la 1,028,000. Hilo ni dogo kuliko lile la miaka 25 alilolichagua mumeo, kwa karibu elfu 60 kila mwezi, na jumla yake ni milioni 185. Mwonyeshe mstari huu peke yake: rejesho dogo zaidi, miaka 10 pungufu, na milioni 141 hazikwenda benki. Muuzaji naye msimwachie bei yake, mkiwa na barua ya benki mkononi mna nguvu ya kubembeleza, na kila milioni mtakayoipunguza kwake mnaiondoa pamoja na riba yake.

Hata hivyo rejesho hilo bado ni asilimia 45 ya mishahara yenu. Ni kubwa. Silipendi, na sitakuficha hilo. Kama mmoja akikosa mshahara kwa miezi mitatu, mwingine hawezi kulibeba pamoja na chakula na ada. Ndiyo sababu naisisitizia ile milioni 5: ikiisha kutumika kwenye ada za benki, ijazeni tena kabla ya kununua sofa au kuweka geti jipya. Lakini una jambo moja zuri mbele yako. Makato ya Bodi ya Mikopo, ambayo ni asilimia 15 ya mshahara wako wa msingi, yataisha siku moja. Mwezi yatakapoisha, pesa hiyo ipelekeni kwenye mkopo wa nyumba kabla haijazoeleka mfukoni. Laki moja ya ziada kila mwezi kwenye huo mkopo wa milioni 70, kama ingelipwa tangu mwanzo, ingeumaliza kwa miaka 11 hivi na kuokoa milioni 35. Ikianza baadaye itaokoa pungufu, ila bado ni nyingi.

Hapo kuna mtego wa kuuliza mapema. Benki nyingine hupokea pesa ya ziada na kuihesabu kama rejesho la mwezi ujao lililowahi, deni la msingi haliguswi. Mnataka iandikwe kwamba malipo ya ziada yanapunguza deni la msingi siku hiyo hiyo. Ulizeni pia kama kuna faini ya kulipa mapema au kumaliza mkopo kabla ya muda, na ni asilimia ngapi.

Kipengele kingine cha kukisoma mara mbili ni cha riba yenyewe. Kama mkataba unasema benki inaweza kuibadilisha kwa kuwapa taarifa tu, basi 16 ni riba ya leo. Ikipanda hadi 18 mkiwa mwanzoni mwa mkopo wa milioni 80, riba ya mwezi inakuwa 1,200,000. Rejesho la 1,087,000 lisingetosha hata kuilipa, na deni lingeanza kuongezeka huku mnalipa kila mwezi bila kukosa. Ulizeni: riba inabadilika kwa kufuata nini, mara ngapi, na ikipanda mnaongeza rejesho au miaka?

Ada sitazikalia sana. Kuna ya kuchakata mkopo, ya mthamini, ya wakili, ushuru wa stempu, bima ya maisha na ya moto. Mwombeni afisa mikopo aziandike zote kwenye karatasi moja, aonyeshe ipi inalipwa mara moja na ipi kila mwaka. Kwenye bima ya maisha hakikisheni inawahusu ninyi wawili. Deni linategemea mishahara miwili, bima ya mtu mmoja itakuwa nusu ya kinga. Kodi ya jengo inayokatwa kwenye LUKU ni ndogo, isikusumbue. Na kabla ya shilingi yoyote kwenda kwa muuzaji, fanyeni upekuzi wenu wa hati kwenye ofisi ya ardhi, msitegemee ule wa benki peke yake.

Sasa saini yako. Benki haikuiti kwa heshima tu. Sheria ya Ardhi ya 1999, kifungu cha 114, inataka ridhaa ya mwenza ili nyumba ya familia iwekwe rehani, na Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 59, nayo inakataza mwanandoa mmoja kuiweka rehani nyumba ya ndoa bila mwenzake kuridhia. Sheria imekupa nafasi ya kuuliza, itumie kabla ya kuweka kalamu. Na kwa kuwa mshahara wako utakuwa unalipa deni hili kila mwezi, hati iandikwe majina yenu wawili. Liseme mapema, kwa upole, wakati kila mtu ana furaha ya nyumba mpya.

Kwa mumeo usiende na milioni 326 tena, ameshaikataa mara moja. Mwombe yeye akutengenezee jedwali la marejesho kwenye kompyuta yake, mwezi kwa mwezi, la milioni 80 kwa miaka 25 na la milioni 70 kwa miaka 15. Ni kazi ya muda mfupi kwa mhasibu. Mkiliangalia pamoja, mwekee kidole kwenye mwaka wa 12 wa yote mawili. Kwenye lake deni ni milioni 71, kwenye la pili limebaki kama milioni 29, na kijana wenu ndiyo kwanza anaingia chuo.

Ikishindikana, kiwanja hakiuziki au benki haikubali masharti haya, msione aibu kukaa Tabata miaka mitatu zaidi. Tofauti kati ya kodi yenu na rejesho la 1,028,000 ni kama laki sita na elfu 28 kwa mwezi. Kwa miaka mitatu ni zaidi ya milioni 22, ukijumlisha na akiba yenu ni milioni 42 za kuanzia ujenzi Kibaha bila deni. Kujenga nako kuna adha zake, mafundi, vifaa kupotea, safari za kila wiki, na Kibaha ni mbali na shule yako. Kwa hiyo ninaiweka ya pili. Ila ipo, na mnapokuwa na njia ya pili hamuingii benki mkiwa mmepiga magoti.

Wiki ijayo nendeni wote wawili, ombeni jedwali rasmi la marejesho lenye muhuri wa benki kwa miaka 15, na mwambieni afisa mnahitaji siku kadhaa za kulisoma nyumbani kabla ya kusaini. Mkilipata, nitumie nakala mkiwa mmefuta majina na namba ya akaunti, nitaipitia mstari kwa mstari na kukujibu.